Midomo Kwenye Pazia Jeupe

Sehemu ya Kumi na Moja

Muhuri tuliuacha hewani, msomaji wangu, na hewani ndipo ulipokaa wiki nzima. Sasa tuutazame.

Itsuko aliushika kwa vidole vitatu, muhuri wa jina lake, ambao ukipigwa karatasini ni sawa na sahihi. Wino mwekundu ulikuwa umemwingia chini ya ukucha. Mbele yake, juu ya meza fupi, palikuwa na karatasi ya mistari kumi na miwili. Ilisema kwamba yeye, binti wa marehemu kabaila Minegishi, anaumwa mishipa ya fahamu. Kwamba anaomba kwa hiari yake kwenda kupumzika katika nyumba ya wagonjwa milimani Shinano. Na kwamba binti yake Chizuru, wa miaka saba, atabaki mikononi mwa baba yake na mwa yeyote ambaye baba huyo atamchagua.

Mstari huo wa mwisho ndio uliomzuia mkono.

"'Yeyote' huyu ni nani, Bwana?"

"Yaya. Mwalimu. Nani mwingine?" Takafumi, mumewe, alikuwa amepiga magoti upande wa pili wa meza, amenyooka, suti yake nyeusi ya msiba haina hata kunyanzi. "Piga tu, Itsuko. Wageni wanasubiri. Leo ni mwaka mmoja wa baba yako, tusimwaibishe."

"Nitarudi lini?"

"Ukipona."

"Na nani atakayesema nimepona?"

"Daktari."

"Yule aliyenitazama ulimi mara moja akaandika kurasa nne?"

Takafumi akatabasamu. Tabasamu hilo ndilo lililomwingiza katika nyumba hii miaka tisa iliyopita. Alikuja na sanduku moja, akavua jina la kwao, akavaa jina la mkewe, kama wafanyavyo wana wa kiume wa pili na wa tatu wanapochukuliwa na nyumba isiyo na mtoto wa kiume. Mzee alipofariki, cheo kikawa chake, nyumba ikawa yake, bustani na samaki wake vikawa vyake. Kitu kimoja tu kilibaki kuwa cha Itsuko, nacho kilikuwa na miaka saba na pengo la jino la mbele.

"Unapiga kelele usingizini," Takafumi akasema kwa upole. "Mtoto anaogopa. Fanya kwa ajili yake."

Hilo lilikuwa kweli. Tangu msiba, Itsuko alikuwa akiamka koo limekauka, hajui alichopiga kelele. Akamfikiria Chizuru akijifunika shuka hadi kichwani. Mkono ukaanza kushuka.

Mlango ukasukumwa.

"Nyie mnafanya nini humu?"

Alikuwa Shangazi Tamaki, dada mkubwa wa marehemu, mwanamke wa miaka sabini na mmoja ambaye hakuna mtu katika ukoo aliyewahi kumkatiza maneno akabaki salama.

"Kasisi keshakwenda. Supu inapoa. Na yule msemaji wa picha niliyemtoa kwenye sinema za Asakusa anakohoa kule kama mbuzi. Inukeni!"

"Dakika moja tu, Shangazi," akasema Takafumi. "Kuna karatasi."

"Karatasi haina magoti yanayouma. Mimi ninayo. Inuka, mkwe."

Takafumi akaikunja karatasi, akaitia mfukoni.

"Baada ya picha," akamnong'oneza mkewe. "Mbele ya watu wote. Itapendeza zaidi."

*

Chumba kikubwa kilikuwa kimefungwa mbao za dirishani ingawa jua lilikuwa utosini. Jamaa kumi na wawili walikaa kwenye mito, weusi watupu kwa mavazi ya msiba. Shuka jeupe lilitundikwa kati ya nguzo mbili. Nyuma kabisa, binamu Naomichi, mwana wa Shangazi Tamaki, alikuwa akihangaika na mashine yake ya picha, jasho linamtoka.

"Usiichome nyumba ya marehemu," mama yake akamwambia.

"Mama, nimeshafanya hivi mara sita."

"Na mara mbili umechoma mapazia."

Karibu na mlango alikaa Chikako, mdogo wake Itsuko, amempakata Chizuru. Tangu msiba, yeye ndiye aliyekuwa akimbembeleza mtoto, akimsuka nywele, akimlaza. Kila siku Itsuko alimshukuru. Hata sasa, alipopita, alimgusa bega.

"Umechoka, dada," Chikako akanong'ona. "Kaa. Mimi ninaye."

Kando ya shuka alisimama Kogetsu, msemaji wa picha. Watu wa Tokyo wanaijua kazi hiyo: sinema ni bubu, na yeye ndiye anayeipa ulimi, huwa mume, huwa mke, huwa jambazi na askari, wote kwa koo moja. Lakini Kogetsu alikuwa na jambo ambalo wenzake hawakuwa nalo. Mama yake mzazi alikuwa kiziwi. Alijifunza kusoma midomo kabla ya kusoma herufi. Ndiyo maana Shangazi Tamaki alimtaka yeye na si mwingine. Naomichi alikuwa amempiga marehemu picha mwezi mmoja kabla hajafa, marehemu akisema kitu ambacho hakuna aliyekikumbuka.

Mashine ikaanza kulia trrrr. Shuka likawaka.

Akatokea mzee. Mzee yuleyule, amekaa barazani, upepeo wa mkononi magotini. Chumba kizima kikashusha pumzi. Midomo yake ikacheza, na Kogetsu akafungua kinywa, na sauti iliyotoka ilikuwa ya mzee mwenye kifua kibovu.

"Naomichi, ondoa hicho kidude usoni pangu. Chai yangu imepoa. Itsuko yuko wapi? Mwambieni alete nyingine. Yeye ndiye anayejua ninavyoipenda."

Mtu akacheka, kisha yeye huyohuyo akalia. Itsuko aliziba mdomo kwa kitambaa. Kwa mwaka mzima alikuwa ameyatafuta maneno makubwa ya baba yake, yale ya mwisho, yale ya kuandikwa. Kumbe alichokikosa ni hiki, kuitwa alete chai.

"Ni yeye," akasema Shangazi Tamaki gizani, akijifuta macho. "Ni kaka yangu huyo. Endelea."

Picha ikaruka. Sasa ilikuwa bustani, mwezi uliopita, siku ya kutazama maua ya krisanthemu. Naomichi mwenyewe akaonekana ukingoni mwa bwawa, anawarushia samaki makombo.

"Hapa kamera niliiacha ijiendeshe!" akapaza sauti kwa fahari. "Ina springi! Niliiweka juu ya miguu yake, nikaenda kusimama mbele. Tazameni!"

"Tunakutazama. Samaki ni wazuri," mama yake akasema, watu wakacheka.

Lakini nyuma ya Naomichi, kwenye daraja dogo la mawe, palikuwa na watu wawili ambao hawakujua kwamba kuna mashine. Mwanamke mwenye mwavuli alikuwa amegeuka mgongo. Mwanamume alikuwa ameelekeza uso huku kwetu. Alikuwa Takafumi, na alikuwa akizungumza.

Msomaji, usimlaumu Kogetsu. Mtu aliyeshona miaka ishirini, mpe kitambaa na sindano uone kama mikono yake itaomba ruhusa. Aliona midomo ikicheza, na koo lake likaenda. Tena alienda na sauti yenyewe, laini, ya upole, mpaka watu wawili wakageuka kumtazama Takafumi aliyekuwa amekaa kimya.

"Daktari keshaandika. Itsuko atapiga muhuri siku ya kumbukumbu ya baba yake, nyumba ikiwa imejaa. Mbele ya watu hawezi kukataa. Theluji ikianguka, yeye yuko milimani, nasi tuko hapa. Mtoto atakuzoea kama mama. Watoto husahau upesi."

Hapo Kogetsu akasikia alichokisema.

Akajiziba mdomo kwa mikono miwili, lakini ilikuwa kama kuziba chungu kilichokwisha kumwagika. Naomichi akaizima mashine. Giza likaingia.

"Fungua dirisha," akasema Shangazi Tamaki.

*

Jua likaingia kwa nguvu, kila mtu akafumba macho. Itsuko hakufumba. Alikuwa akimtazama mumewe.

Na Takafumi, hutaamini, alikuwa akicheka.

"Hodari kweli!" akapiga makofi mara mbili. "Shangazi, umelipia mchekeshaji, umepata mchekeshaji. Hawa ndugu wa Asakusa, ukiwaonyesha ng'ombe wawili wanakula majani watakutungia mapenzi na usaliti." Kisha akaacha kucheka. "Lakini leo ni siku ya msiba, bwana mdogo. Umenitukana ndani ya nyumba yangu. Sema mbele ya wote kwamba umetunga. Usiposema, nina marafiki polisi, na kuanzia kesho hutafungua kinywa chako katika sinema yoyote ya mji huu."

Kogetsu alipiga magoti, paji la uso mkekani. Alikuwa na mke. Alikuwa na koo, basi, hana kingine cha kuuza.

"Nimetunga," akasema. "Nisameheni. Nilipitiwa."

"Mmesikia," akasema Takafumi.

Watu wakaanza kupumua, wengine hata kutabasamu. Ndugu hupenda sana kuambiwa kwamba hakuna kilichotokea.

"Itsuko," Takafumi akaitoa karatasi mfukoni, akaikunjua polepole. "Unaona jinsi ulivyopauka? Kwa mchezo tu wa sinema. Hebu tumalize."

Itsuko hakuipokea karatasi. Kama mtu yule ametunga, basi yeye ni mgonjwa kweli, maana alikuwa ameamini kila neno. Kama hakutunga... Akamgeukia Kogetsu.

"Na chai?" akauliza.

Kogetsu akainua uso. "Bibi?"

"Baba yangu alisema habari ya chai. Nayo ulitunga?"

Msemaji akarudisha paji la uso mkekani. Lakini Shangazi Tamaki alikuwa amegeuka polepole, mwili mzima, kama mlango mzito.

"Jibu hilo," akasema. "Mimi nimelia hapa mbele ya watoto wadogo. Sijalia tangu vita vya Warusi. Nimelilia uongo?"

"Shangazi, mwache mtu wa watu," Takafumi akaingilia.

"Nyamaza, mkwe. Wewe jina hili umelivaa, hukuzaliwa nalo." Akainuka, akijisaidia kwa bega la mwanawe. "Mimi natoka nje barazani. Nafunga mlango wa kioo. Nitasema neno moja ambalo hata mume wangu marehemu sikumwambia. Huyu bwana alisome. Akishindwa, ni mwongo, mtupeni nje na fedha zake simpi. Akiweza, tutajua tunaishi na nani."

Akatoka. Mlango wa kioo ukafungwa. Bibi kizee akasimama kule nje juani, mweusi, mdogo, na midomo yake ikacheza. Ndani hakukusikika kitu ila makaa yakilia kwenye seredani.

Kogetsu akageuza uso pembeni.

"Siwezi kulitamka hili."

"Hajui," akasema Takafumi.

"Najua!" Lilikuwa kama limemponyoka. Uoga una mipaka yake, na mtu hodari ukimwambia hajui kazi yake umeifikia mipaka hiyo. Akafumba macho, na sauti iliyotoka kwake ilikuwa ya Shangazi Tamaki, kavu, ya puani. "'Kaka yangu hakumtaka mwanamume huyu. Mimi ndiye niliyemlazimisha, kwa sababu alikuwa na sura nzuri nami nilipenda kumtazama wakati wa kula. Itsuko, mwanangu, ni mimi niliyekuuza.'"

Mlango wa kioo ukafunguliwa. Shangazi alisikia neno la mwisho akiwa kizingitini. Akamtazama Itsuko, akainamisha kichwa kidogo, jambo ambalo hakuna aliyewahi kumwona akilifanya.

"Neno kwa neno," akasema. "Naomichi. Rudisha picha. Tumwone huyo mwanamke mwenye mwavuli."

"Haina haja," akasema Takafumi.

"Nimesema rudisha!"

Mbao zikafungwa tena. Gizani watu walisogeana, nguo zikachakarika, mtu akajikwaa kwenye mto karibu na mlango. Itsuko alikaza macho kwenye shuka. Trrrr. Samaki. Naomichi na makombo yake. Daraja.

"'...Mtoto atakuzoea kama mama,'" akasema Kogetsu, sasa kwa sauti ya chini, ya kazi. "'Watoto husahau upesi.'"

Mwanamke wa kwenye daraja akageuza shingo, kama mtu aliyesikia hatua. Mwavuli ukashuka. Kwa muda wa pumzi moja uso wake ukawa wazi, na kila aliyekuwa chumbani aliufahamu, maana walikuwa wamekula naye asubuhi hiyo.

Alikuwa Chikako.

Kogetsu hakumjua, kwa hiyo hakusita. "'Na asipopiga muhuri?'" akasema kwa sauti ya msichana. Kisha kwa sauti ya mume: "'Asipopiga, mchukue mtoto. Treni ya saa saba mchana, pale Ueno. Kisha usi...'"

Shuka likazimika. Pakasikika kitu kikichanika, kisha mwanga wa ajabu ukajaa nyuma ya chumba. Takafumi alikuwa ameing'oa filamu kutoka kwenye mashine na kuitumbukiza kwenye seredani. Iliwaka kwa mlio, mara moja, moto mweupe hadi kifuani pake. Naomichi akapiga yowe kama aliyekanyagwa.

"Marehemu! Umemchoma marehemu! Alikuwa mwanzoni humo!"

Mtu akafungua mbao. Moshi ukatoka, jua likaingia.

Itsuko hakuutazama moto. Alitazama karibu na mlango. Pale palikuwa na mto mmoja tu, umebonyea katikati, hapana mtu.

*

"Saa ngapi?" akauliza.

Akamshika Naomichi mkono, akageuza saa yake ya mkononi. Saa sita na dakika thelathini na tano.

"Itsuko." Takafumi alikuwa akijipangusa majivu kwenye mkono wa koti. Hakujifanya tena mpole, wala hakuwa mkali. Alisema kama mtu anayeagiza chakula. "Mimi ndiye mkuu wa nyumba hii kwa sheria. Mtoto yuko kwenye daftari langu la ukoo. Piga muhuri hapa, nitapiga simu stesheni, naye atarudi kabla supu haijapashwa."

"Kunywa supu yako," akasema Itsuko, akatoka.

Nyuma yake alimsikia Shangazi Tamaki: "Teksi ya msemaji iko langoni! Panda hiyo!" Kisha kishindo kidogo. Bibi kizee alikuwa amejikalisha katikati ya mlango wa mbele, miguu ameinyoosha. "Nani anapita? Aniruke mimi kwanza. Karibuni."

Itsuko hakusimama kuvaa viatu. Soksi zake nyeupe zililowa matope kabla hajafika langoni. Nywele zilimfumuka, kitana kikaanguka kwenye kokoto. Gari la nyumbani halikuwapo, alama za magurudumu bado mbichi. Alipoingia kwenye teksi aligeuka mara moja tu. Takafumi alikuwa amesimama dirishani. Hakumfuata. Alikuwa akiitazama saa yake.

Jambo hilo lilipaswa kumshtua. Lakini mama aliyeibiwa mtoto hana nafasi ya mambo mawili kichwani.

"Ueno!" akamwambia dereva. "Kimbia!"

"Bibi, mimi namsubiri bwana Koge..."

"Kimbia, nakuomba kwa jina la mama yako!"

Dereva akamtazama miguuni, akamtazama nywele, akakimbia.

Tramu iliwazuia njia panda. Mkokoteni wa figili ukawazuia tena. Itsuko alikuwa akisukuma kiti cha mbele kwa viganja kana kwamba gari lingeenda upesi zaidi. Akilini alirudiwa na sauti ileile ya upole: watoto husahau upesi, watoto husahau upesi. Mwaka mmoja alikuwa amelala, amelia, amekaa mbele ya madhabahu ya baba yake akichoma ubani, na muda huo wote mwenzake alikuwa akimsuka mtoto nywele. Alishukuru! Kila siku alishukuru.

Saa ya stesheni ilisema dakika mbili kabla ya saa saba. Akaruka kabla teksi haijasimama. Mkata tiketi akampigia kelele, akapita. Filimbi ikalia. Behewa la daraja la pili lilikuwa limeanza kusogea, na mpagazi mmoja mwenye roho nzuri, au aliyeogopa kuona mtu akifa, akamshika kiunoni akamtupa ndani.

Aliwaona mara moja. Chikako alikaa dirishani, Chizuru kando yake, mdomo umejaa keki ya maharage matamu.

"Mama!" akasema mtoto kwa furaha.

Itsuko alimvuta kifuani, akamnusa nywele. Treni ilikuwa ikishika mwendo, mapaa ya nyumba yakikimbia.

"Kwa nini?" ndiyo yote aliyoweza.

Chikako hakulia. Hilo ndilo lililotisha.

"Siku alipoletwa nyumbani kutazamwa," akasema taratibu, "nani aliyemmiminia chai? Mimi. Alinitazama mimi, dada. Mlo mzima. Lakini nyumba ilikuwa yako wewe mkubwa, kwa hiyo na mume akawa wako. Mimi nikaambiwa ningoje zamu yangu. Nimengoja miaka tisa, nikikutazama ukimkatia matunda."

"Ungeniambia."

"Ungefanya nini? Ungenipa?"

Itsuko akamshika mtoto mkono. "Tunashuka kituo cha kwanza. Mimi na Chizuru. Wewe endelea popote unapokwenda."

"Hii ni ya haraka. Haisimami mpaka Takasaki." Chikako akafungua mkoba wake, akatoa tiketi, akaziweka juu ya goti moja moja. Nusu tiketi ya mtoto. Tiketi nzima. Na nyingine nzima.

Tatu.

Itsuko alizitazama. Kisha akakumbuka dirishani, mtu akitazama saa.

"Lile neno la mwisho," akasema. "Pale darajani. Kabla hajachoma. 'Kisha usi...' Alikuambia nini?"

"'Kisha usimfiche. Atakufuata mwenyewe.'" Chikako akaangalia nje. "Muhuri ulikuwa njia moja, dada. Hii ni ya pili. Daktari atapanda hapo Takasaki na wauguzi wawili wa kike, atufikishe Karuizawa, milimani Shinano. Hakuna atakayekuburuta. Umepanda mwenyewe, na watu wameona."

Na kweli walikuwa wameona. Itsuko akainua macho, na kwa mara ya kwanza akalitazama behewa. Mfanyabiashara mwenye miwani alikuwa ameshusha gazeti. Mama mmoja alikuwa amewavuta wanawe wawili upande wake. Wote walikuwa wakitazama soksi zake za matope, nywele zake zilizomwagika, wino mwekundu vidoleni ambao kwa mbali ulionekana kama damu.

Mlango wa behewa ukafunguliwa. Mkaguzi akaingia, mwanamume wa makamo mwenye vifungo vinavyong'aa.

"Tiketi, tafadhali."

Chikako akampa zote tatu kwa mikono miwili, akainama vizuri. "Utuwie radhi kwa usumbufu," akasema kwa sauti ya chini iliyosikika mpaka mwisho. "Dada yangu ni mgonjwa. Tunampeleka kwenye matibabu."

Itsuko alisikia ukelele ukimpanda kooni, uleule wa usiku. Ulifika kwenye meno. Na hapo akaelewa, wazi kabisa, kwamba akiuachia tu, amekwisha. Kelele moja, na behewa zima litashuhudia mbele ya daktari.

Akaumeza.

Akanyoosha mgongo. Akazikusanya nywele zake polepole, akazifunga. Akaweka mikono yake mapajani, akamwinamia mkaguzi kwa kadiri ile hasa ambayo mke wa kabaila humwinamia mtu wa serikali, si zaidi, si pungufu.

"Ni kweli, bwana mkaguzi," akasema. "Mmoja wetu ni mgonjwa. Amemchukua binti yangu nyumbani katikati ya kumbukumbu ya marehemu baba, na mimi nimemkimbilia bila hata kuvaa viatu. Naomba unisaidie kupeleka simu ya maandishi kwa Bibi Minegishi Tamaki, mtaa wa Koishikawa, Tokyo. Na naomba mwanangu akae kwangu mpaka tutakapofika."

Mkaguzi akamtazama mmoja. Akamtazama mwingine. Wanawake wawili waliovaa msiba, wenye nyusi za aina moja, wametulia sawasawa. Mmoja ana viatu na tiketi. Mwingine hana kitu.

Alikuwa mtu mwangalifu. Akachuchumaa, kofia mkononi, uso kwa uso na Chizuru.

"Bibi mdogo," akamwambia, "wewe unawajua wote wawili. Hebu niambie ukweli. Nani hapa ni mgonjwa?"

Chizuru akaacha kutafuna. Mwaka mzima aliambiwa jambo moja kila jioni, akisukwa nywele, kwa sauti ya upole. Na mama yake hakujua ni jambo gani.

Mtoto akamtazama mama yake. Akamtazama mama yake mdogo. Akameza keki.

Akainua kidole, na kidole hicho, msomaji wangu, tukiache hewani mpaka wiki ijayo.